Saa kumi alfajiri, Mei 1964: lugha iliyotungwa kwa ajili ya wanaoanza

Najua nimekuwa kimya kwa wiki kadhaa. Kazi ya mteja ilinibana mpaka nikakosa hata muda wa kupitia blogu za wenzangu. Leo nimerudi, na sitaandika kuhusu seva wala hifadhidata. Leo nataka tusimuliane historia kidogo, na chanzo chake ni mazungumzo ya Jumapili iliyopita.

Mpwa wangu, binti ya dada yangu, yuko mwaka wa kwanza chuoni na anasomea mambo ya tarakilishi. Alikuja kututembelea, tukala, akasaidia kuosha vyombo, halafu akaja kuketi karibu nami akasema kwa sauti ya chini, "Mjomba, hii kitu ya kuandika programu imenishinda. Nataka kubadilisha kozi." Nikamuuliza kwa nini. Akasema mwalimu aliwaambia darasani kwamba asiye na kichwa cha hesabu asijisumbue, na yeye hesabu ya KCSE alipata C. Kisha akaniuliza swali ambalo huulizwa karibu kila wiki: "Ama nilianza na lugha mbaya?"

Siku hiyo sikumjibu vizuri. Nilimwambia yale ambayo watu wazima husema: jikaze, vumilia, itaingia tu. Alipoondoka nikajilaumu. Mtu anapotaka kuacha kozi ambayo mama yake anailipia kwa shida, kumwambia ajikaze si jibu. Baadaye nikakumbuka kisa kimoja ambacho kingemfaa zaidi kuliko mawaidha yangu. Ni kisa cha kweli, na kinahusu watu waliojiuliza swali hilohilo zaidi ya miaka 60 iliyopita: kuandika programu ni kugumu kwa sababu ya akili ya mwanafunzi, au kwa sababu ya jinsi tunavyomfundisha?

Haya, tuanze.

Sanduku la kadi ndani ya treni

Dartmouth ni chuo kidogo katika mji wa Hanover, jimbo la New Hampshire, Marekani. Kwa sehemu kubwa ya miaka ya 1950 hakikuwa na tarakilishi hata moja. Mwalimu mmoja wa hapo, Thomas Kurtz, aliyezaliwa mwaka wa 1928 na kufariki mwaka wa 2024, alikuwa akifundisha hesabu na takwimu. Akitaka kutumia tarakilishi, ilimbidi apande treni hadi Boston, kisha aende chuo cha MIT kulikokuwa na mashine ya IBM 704 ambayo vyuo vya eneo lile viligawana.

Kwa wale ambao hawajawahi kusikia, siku hizo programu haikuandikwa kwenye skrini. Ilitobolewa kwenye kadi za karatasi ngumu, kila kadi ikiwa mstari mmoja wa programu. Kurtz alibeba kadi zake na za walimu wenzake ndani ya sanduku, akasafiri karibu kila baada ya wiki mbili, akazikabidhi kwa wahudumu wa mashine, akasubiri, halafu akapewa majibu yaliyochapishwa kwenye karatasi. Ukisahau koma moja, hakuna jibu. Unarudi nyumbani, unarekebisha kadi, unasubiri safari nyingine. Fikiria ukisahau alama moja leo halafu ujulishwe baada ya wiki mbili.

Kuna jambo lililompata Kurtz huko MIT ambalo mimi hulipenda sana. Siku hizo lugha ya Fortran ilikuwa mpya, na wajuzi walimshauri asiitumie kwa sababu eti inapoteza muda wa mashine. Mwanamume kamili aliandika kwa lugha ya mashine yenyewe. Kurtz akatii. Akahangaika kwa miezi na programu yake, ikala karibu saa nzima ya muda wa mashine, na isitoe kitu. Mwishowe akaiandika upya kwa Fortran, na majibu yakatoka kwa muda wa dakika tano hivi. Hapo akajifunza kwamba muda wa mtu nao una gharama, na kwamba ushauri wa wajuzi kuhusu lugha ipi ni ya "watu wa kweli" mara nyingine ni majigambo tu.

Robo tatu waliosahauliwa

Mwenzake Kurtz alikuwa John Kemeny, mkuu wa idara ya hesabu. Kemeny alizaliwa Budapest, Hungary, mwaka wa 1926. Familia yake ya Kiyahudi ilikimbilia Marekani mwaka wa 1940. Vita vikiendelea alipelekwa Los Alamos, kule bomu la atomiki lilikotengenezwa, na kazi yake ikawa kupiga hesabu kwa mashine za kadi, hesabu moja ikichukua wiki kadhaa. Baadaye alikuwa msaidizi wa Albert Einstein huko Princeton. Huyu si mtu aliyeogopa hesabu! Lakini alikuwa na wasiwasi juu ya wale wanaoiogopa.

Wasiwasi wenyewe ulikuwa hivi. Pale Dartmouth, takriban robo moja tu ya wanafunzi ndio waliosomea sayansi na uhandisi. Robo tatu waliobaki walisoma historia, fasihi, siasa, uchumi na kadhalika. Kemeny na Kurtz walijua kwamba hao robo tatu ndio watakaokuja kuwa mawakili, wakurugenzi na wanasiasa. Ndio watakaoamua tarakilishi zitumiwe vipi, na zitumiwe dhidi ya nani. Je, wataamuaje juu ya kitu ambacho hawajawahi kukigusa? Kumpa mtu mhadhara kuhusu tarakilishi bila kumwacha aitumie ni kama kumfundisha kuogelea ubaoni.

Walijaribu njia mbalimbali. Mwaka wa 1956 Kemeny alitunga lugha rahisi iliyoitwa Darsimco, ikafa. Mwaka wa 1959 chuo kilipata tarakilishi ndogo, LGP-30, na wanafunzi wa shahada ya kwanza wakaishangaza dunia yao ndogo kwa kuiandikia kompaila ya lugha ya Algol. (Kompaila ni programu inayogeuza maandishi yako kuwa lugha ambayo mashine inaielewa.) Mwaka wa 1962 Kemeny na mwanafunzi mmoja wakajaribu lugha nyingine, DOPE. Nayo ikafa. Nataja hizi zilizokufa makusudi, kwa sababu tukisimuliwa historia ya teknolojia tunaambiwa tu kuhusu siku ya ushindi.

Kizuizi kikubwa, waligundua, hakikuwa lugha peke yake. Kilikuwa foleni. Hata ukiwa na lugha rahisi kama uji, mwanafunzi akisubiri zamu yake siku nzima ili aambiwe amekosea, atakata tamaa. John McCarthy wa MIT aliwapa wazo: mashine moja ihudumie watu wengi kwa zamu fupi sana, sekunde hapa sekunde pale, hivi kwamba kila mmoja ahisi ni yake peke yake. Ni kama mama mmoja wa hoteli anayehudumia meza kumi. Huyu anamiminiwa chai, yule anakatiwa chapati, na hakuna anayehisi ameachwa.

Wakaomba fedha kutoka shirika la taifa la sayansi la Marekani, NSF. Waliosoma ombi hilo walikuwa na mashaka: kazi ya kuandika mfumo mzima mlitaka kuwapa vijana wa shahada ya kwanza? Kemeny na Kurtz wakashikilia msimamo, maana walikuwa wameona vijana hao walichokifanya na LGP-30. Fedha zikatolewa. Mashine ya GE-225 ikafika mwezi wa Februari 1964, na vijana wakaanza kazi, wengine wakikesha usiku kucha kama sisi tunavyokesha leo.

Usiku wenyewe

Tarehe 1 Mei 1964, saa kumi alfajiri, Kemeny aliketi kwenye mashine moja ya teletaipu na mwanafunzi wake kwenye nyingine jirani. Teletaipu ni kama taipureta iliyounganishwa na tarakilishi: unapiga herufi, na jibu linachapishwa kwenye karatasi hapohapo. Kila mmoja akaandika programu yake, kila mmoja akapiga neno RUN, na wote wawili wakapata majibu sahihi. Lugha hiyo waliita BASIC.

Programu ya BASIC ya siku hizo ilikuwa inafanana na hii:

10 LET X = 7
20 PRINT X * X
30 END

Ukiipiga na kuandika RUN, unapata 49. Amri zote za lugha hazikuzidi 15. Namba za mistari ziliruka kwa kumi, ili ukikumbuka kitu katikati uandike mstari wa 15 na mashine iuweke mahali pake yenyewe. Kuingia kwenye mfumo uliandika HELLO, kutoka ukaandika GOODBYE, kama mtu anayepiga hodi na kuaga.

Linganisha na Fortran ya wakati huo. Katika Fortran, ukilipa jina la thamani herufi ya kwanza kati ya I na N, mashine iliichukulia kuwa namba kamili. Ukianza na herufi nyingine, ikawa namba yenye desimali. Anayeanza angejuaje? Kurudia kazi mara kadhaa kulihitaji mstari wenye namba tatu zilizotenganishwa kwa koma, na watu walisahau ipi ni mwanzo, ipi ni mwisho na ipi ni hatua. Katika BASIC waliandika FOR I = 1 TO 10 STEP 2, na mtu akielewa Kiingereza ameelewa. Namba zote zilikuwa za aina moja. Kuchapisha jibu hakukuhitaji kueleza kwanza liwe na nafasi ngapi. Kila uamuzi ulikuwa unajibu swali moja: anayeanza anahitaji kujua hili leo, au anaweza kulijua baadaye?

Wanafunzi walipewa mihadhara miwili au mitatu ya saa moja kuhusu lugha, basi. Kisha waliachwa na mashine. Na hawakulipishwa kwa dakika. Kemeny alifananisha jambo hili na maktaba: chuo kizuri humwacha mwanafunzi aingie maktabani achukue kitabu chochote rafuni bila kuulizwa anakitakia nini, kwa hiyo tarakilishi nayo iwe hivyo. Wengine walicheza michezo tu. Hakuwafukuza. Kucheza pia ni kugusa.

Baada ya miaka michache Kemeny alisema kwamba hesabu zote zilizochukua mwaka mzima Los Alamos zingeweza kufanywa na mwanafunzi wa Dartmouth kwa alasiri moja. Mwaka wa 1970 akawa rais wa chuo hicho, na mwaka wa 1972, chini yake, Dartmouth ikaanza kuwapokea wanawake kama wanafunzi wa kawaida wa shahada. Ndiyo, ule usiku wa 1964 hapakuwa na msichana aliyepokelewa kama mwanafunzi wa kawaida wa shahada ya kwanza pale chuoni. Mpwa wangu, ukisoma hapa, tambua hata wale waliosema "kila mtu" walikuwa bado hawajamaliza kuhesabu watu.

BASIC inatoka chuoni

Mwezi wa Januari 1975 jarida la Popular Electronics lilitoa habari za Altair 8800, tarakilishi ambayo mtu wa kawaida angeweza kununua na kuiunganisha mwenyewe. Vijana wawili, Bill Gates na Paul Allen, wakaiandikia BASIC, na mwaka huohuo wakaanzisha Microsoft. Mnaona? Bidhaa ya kwanza ya kampuni hiyo ilikuwa lugha ya wanaoanza.

Mwaka wa 1977 zikaja Apple II, Commodore PET na TRS-80. Ukiwasha mashine kama hizo, hukukuta picha wala menyu. Ulikuta alama inayokonyeza macho, ikisubiri uandike amri ya BASIC. Mtoto aliyenunuliwa tarakilishi ili acheze alijikuta anaandika programu kwa sababu ndiyo njia iliyokuwepo. David Ahl alikusanya michezo iliyoandikwa kwa BASIC katika kitabu, na watoto wakaipiga mstari kwa mstari kwa vidole viwili. Kitabu hicho kiliuza zaidi ya nakala milioni moja. Uingereza nako, mwaka wa 1981, ikatoka BBC Micro iliyoingia katika shule nyingi ikiwa na BASIC yake.

Dijkstra akasirika

Sasa, si kila mtu alifurahi. Edsger Dijkstra, Mholanzi aliyekuwa mmoja wa wanasayansi wakubwa wa tarakilishi, alikuwa ameandika tangu mwaka wa 1968 kwamba amri ya GOTO ina madhara. GOTO inaiambia programu iruke kutoka mstari huu kwenda ule. Ukiitumia sana, programu yako inakuwa kama njia za mtaa usio na mpango: unaingia hapa, unatokea kule, na hakuna anayejua jinsi ya kurudi. BASIC ya mwanzo ilitegemea GOTO. Mwaka wa 1975 Dijkstra akaandika, kwa ukali wake wa kawaida, kwamba mwanafunzi aliyeanza na BASIC karibu haiwezekani kumfundisha kuandika programu vizuri, kwa maana akili yake imekwisha kuharibika.

Maneno hayo yamezunguka dunia nzima. Hata leo utamkuta mtu akimwambia anayeanza kwamba lugha fulani "itakuharibu". Mimi naona Dijkstra alikuwa na hoja ya kweli kuhusu GOTO. Mazoea mabaya yapo, nami nimewahi kulipwa kurekebisha programu zilizojaa mazoea hayo. Lakini kuhusu mwanafunzi alikosea, na historia yenyewe imeonyesha. Kizazi kizima cha waandishi wa programu wa miaka ya 1980 na 1990 kilianza na BASIC, kikahamia lugha nyingine, kikaacha GOTO njiani kama mtoto anavyoacha kutambaa. Hakuna anayesema kutambaa kunaharibu miguu.

Kobe wa Papert

Wakati huohuo kulikuwa na watu waliojiuliza kuhusu watoto wadogo kabisa. Seymour Papert alizaliwa Pretoria, Afrika Kusini, mwaka wa 1928. Alikwenda kufanya kazi Geneva na Jean Piaget, mtaalamu wa jinsi watoto wanavyofikiri, kisha akahamia MIT. Mwaka wa 1967 yeye, Wally Feurzeig na Cynthia Solomon walitunga lugha ya Logo. Baadaye mtoto aliweza kumwamuru kobe, wa roboti au wa kwenye skrini: nenda mbele hatua 100, geuka kulia digrii 90. Rudia mara nne, umechora mraba.

Jambo kubwa la Papert, kwangu mimi, si kobe. Ni namna alivyoyatazama makosa. Shuleni tunafundishwa kwamba jibu ni sahihi au si sahihi, na ukikosa unapigwa kalamu nyekundu. Papert alisema programu haiko hivyo. Programu isiyofanya kazi ina mdudu, na swali si "umekosa?" bali "mdudu yuko wapi?" Kobe akienda upande usiotakiwa, mtoto anasimama mahali pa kobe, anatembea mwenyewe kwa kufuata amri zake, na anaona alipopotea. Hakuna aibu ndani yake. Mwaka wa 1982 wazo hili lilifika hata Afrika, pale Papert na Nicholas Negroponte waliposhiriki mradi wa kuwapa watoto wa kitongoji cha Dakar, Senegal, tarakilishi za Apple II.

Pascal, Python na wengine

Niklaus Wirth wa Zurich, Uswisi, alitoa Pascal mwaka wa 1970. Hii ilikuwa lugha ya kufundishia nidhamu: tangaza vitu vyako kwanza, gawa kazi yako katika sehemu zinazoeleweka. Ilisambaa vyuoni. Lakini angalia ni lini ilishika huko mitaani. Ni mwaka wa 1983, kampuni ya Borland ilipotoa Turbo Pascal kwa dola 49.95, yenye mahali pa kuandikia na kompaila pamoja ndani ya programu moja. Kabla ya hapo, kwenye tarakilishi ndogo, uliandika, ukatoka, ukaita kompaila, ukabadilisha diski, ukasubiri. Kwa Turbo Pascal ulibonyeza na kuona. Foleni ile ya Kurtz tena, imefupishwa tena.

Tukija kwa Python, mama yake alikuwa lugha iliyoitwa ABC, iliyotungwa katika kituo cha utafiti cha CWI mjini Amsterdam ili wanaoanza wapate kitu bora kuliko BASIC. ABC haikupata watumiaji wengi. Lakini kijana mmoja aliyefanya kazi ndani ya mradi ule, Guido van Rossum, alichukua mazuri yake, ikiwemo ile desturi ya kusogeza mistari ndani badala ya kutumia mabano, na wakati wa Krismasi ya mwaka wa 1989 akaanza kuandika Python. Aliitoa mwaka wa 1991. Kama Darsimco na DOPE, ABC ilikufa ili nyingine iishi.

Na sisi je?

Nitawaeleza nilivyoanza mimi. Shule yangu ilikuwa na chumba kimoja cha tarakilishi, nyingi zikiwa zimekufa. Tuliingia mara moja kwa wiki, watatu kwa mashine moja, na aliyeshika kibodi ndiye aliyejifunza. Siku nyingine zote niliandika programu za Pascal katika daftari la mistari, kwa kalamu. Nilikuwa naichunguza programu kwa kichwa, mstari baada ya mstari, nikijifanya mimi ndio mashine. Alhamisi ikifika, ninapiga haraka haraka, kuna kosa mstari wa tatu, kengele inalia. Basi, mpaka Alhamisi nyingine.

Baadaye nilihamia saiba. Ile niliyoitumia ilitoza shilingi moja kwa dakika, na mtandao wakati huo ulipitia setilaiti kwa sababu nyaya za baharini, TEAMS na SEACOM, zilifika pwani yetu mwaka wa 2009. Ningeingia na shilingi 20, nikapakua mafunzo kwenye diski, nikatoka mbio kabla dakika hazijaisha. Ni kinyume kabisa cha maktaba ya Kemeny. Nilijifunza, ndiyo. Lakini wenzangu watatu waliokuwa na akili kuliko mimi waliacha, na mpaka leo siamini kwamba walikosa kichwa cha hesabu. Walikosa dakika.

Kuna na suala la lugha yenyewe. BASIC ilionekana rahisi kwa sababu PRINT na LET ni maneno ambayo mwanafunzi wa Hanover aliyajua tangu utotoni. Mtoto wa Kwale au Busia hujifunza vitu viwili kwa pamoja: amri, na neno la kigeni linalobeba amri hiyo. Si kikwazo kisichoruka mtu, tumekiruka wengi, lakini tusiseme hakipo. Ndiyo maana nilifurahi kuona Scratch, lugha ya vipande vya rangi iliyotolewa na MIT mwaka wa 2007, ikipatikana kwa Kiswahili, na Hedy, aliyoianzisha Felienne Hermans huko Uholanzi mwaka wa 2020, ikiruhusu hata maneno ya amri yaandikwe kwa lugha nyingi zisizo Kiingereza. Hapa kwetu, mwaka wa 2022 taasisi ya mitaala, KICD, iliidhinisha mafunzo ya kuandika programu kwa shule za msingi na za upili. Ni hatua njema. Ila mtaala si mashine, na mashine bila umeme ni sanduku.

Jibu nililochelewa kutoa

Jana nilimpigia simu mpwa wangu. Safari hii sikumwambia ajikaze. Nilimuuliza: "Ukiandika programu, unajua saa ngapi kama umekosea?" Akanyamaza kidogo, halafu akasema wanaandika kwenye karatasi, wanakusanya, na alama zinarudi baada ya wiki mbili. Maabara wanaingia kwa zamu, darasa ni kubwa.

Wiki mbili! Ni muda uleule wa sanduku la Kurtz.

Basi nikamwelekeza apakue Python kwenye simu yake, hiyohiyo anayotumia kwa WhatsApp. Nikampa kazi moja: chapisha jedwali la kuzidisha la 7. Usiku akaniandikia. Alikosea mara kumi na moja, amezihesabu. Mara ya kwanza alisahau alama ya nukta mbili, mara ya nne alisogeza mstari vibaya, mara ya tisa jedwali lilitoka lakini likaishia 63 badala ya 70, na hilo ndilo lililomchukua muda mrefu kuelewa. Mara ya kumi na mbili likatoka lote. Makosa kumi na moja kwa saa moja na nusu. Kwa utaratibu wa chuoni kwake, makosa hayo yangemchukua zaidi kidogo ya miezi mitano kuyajua.

Kwa hiyo swali lake, kama alianza na lugha mbaya, nimemjibu hivi. Lugha nzuri ya kuanzia ni ile inayokuambia upesi kwamba umekosea, bila kukutukana, halafu ikakuacha ujaribu tena bila kukutoza. Mwaka wa 1964 hiyo ilikuwa BASIC kwa sababu ya ile teletaipu pembeni yake. Leo inaweza kuwa Python, Scratch au nyingine unayoipenda, mradi uwe unaiendesha mwenyewe kila siku. Lugha ya pili itakuwa nyepesi, na ya tatu nyepesi zaidi.

Na kuhusu kichwa cha hesabu: aliyekuwa msaidizi wa Einstein aliamini mwanafunzi wa fasihi anaweza kuandika programu baada ya mihadhara mitatu, akajenga mfumo mzima kuthibitisha, na ukafanya kazi. Mimi nitamwamini huyo.

Kuhusu kozi, bado hajaamua. Amesema atasubiri mpaka mwisho wa muhula ndipo amwambie mama yake. Sikumshinikiza. Lakini leo asubuhi nimepata ujumbe mwingine: "Mjomba, nikitaka jedwali la namba yoyote nitakayoandika, nafanyaje?"

Ninyi wenzangu mlioanza zamani, mlianza na lugha gani, na mlisubiri muda gani kujua mmekosea? Niandikieni. Nikipata nafasi, wiki ijayo nitaeleza jinsi ya kumpa mwanafunzi wa nyumbani mazoezi kumi ya kwanza bila kuhitaji mtandao.

Tuonane tena.